Biblia imechapwa China: tuongee kidogo juu ya makomunisti na dini

Jumapili moja hivi majuzi mvua ilitupata nje ya kanisa hapa Kondele, Kisumu, tukajibanza chini ya mabati ya duka, na mama mmoja wa kwaya ambaye ni jirani yangu alikuwa na Biblia mpya aliyonunua soko la Kibuye, ile ya zipu. Akanipa nimshikie akitafuta leso kwa mkoba. Nikafungua zile kurasa za mwanzo ambazo hakuna mtu husoma, na pale chini kwa herufi ndogo sana imeandikwa imechapwa China. Nikamwonyesha. Akaisoma mara mbili, akaniangalia. "Mwanangu, China si ndio hao makomunisti? Si tuliambiwa hao wanafunga watu juu ya kuomba? Sasa wanatuchapiaje Neno?"

Nilimjibu nusu nusu, mvua ikaisha, kila mtu akashika njia yake. Lakini jioni sikutulia, juu swali lake ni zito kuliko venye watu wengi hulijibu. Huko Nanjing kuna kiwanda kinaitwa Amity, kilianza miaka ya themanini kwa ushirikiano na vyama vya Biblia vya ulimwengu, na kufikia 2019 kilikuwa kimechapa Biblia zaidi ya milioni 200, nyingine za Wachina wenyewe na nyingine za kupelekwa nje, Afrika pia tukiwemo. Na bado ndani ya hiyo China huwezi kuingia duka la vitabu la kawaida ukanunua Biblia. Inauzwa kupitia makanisa yaliyosajiliwa, na 2018 ikaondolewa kwa maduka ya mtandaoni. Ni serikali hiyo hiyo moja, inachapa kwa mamilioni na inabana kuuza.

Sasa watu hapa wako pande mbili. Kuna wenye wakisikia komunisti wanasikia adui wa Mungu, mjadala umefungwa. Halafu kuna vijana, hasa wa chuo, wanakwambia hizo zote ni propaganda za Wamarekani za wakati wa vita baridi, kwamba makomunisti walikuwa wanatetea maskini tu na makanisa yakakasirika. Mimi ni muumini na nimesoma hii historia miaka mingi, na naona kila upande umeshika kipande cha ukweli halafu ukakimbia nacho. Kuna swali moja limenisaidia mimi kuelewa, na nitalirudia mpaka uchoke: usianze kwa kuuliza hiyo serikali inaamini nini, anza kwa kuuliza ni nani anamchagua askofu. Ama sheikh, ama lama, yule mwalimu wa dini wa Wabuda wa Tibet, yeyote yule kiongozi wa waumini, jina lake linatoka ofisi gani.

Lakini kwanza Karl Marx, yule Mjerumani ambaye maandishi yake ndiyo msingi wa ukomunisti, juu kila mtu humtaja. Ile sentensi ya dini kuwa kasumba ya watu aliichapisha 1844 akiwa kijana wa miaka ishirini na kitu. Wengi wanaisikia kama tusi, kwamba dini ni bangi ya kuwalevya wajinga. Wakati ule Ulaya kasumba ilikuwa dawa ya maumivu, mtu aliinunua dukani kwa mwenye dawa kama venye sisi tunanunua vidonge vya kichwa, na ndani ya aya hiyo hiyo, maneno ambayo hayanukuliwi sana, anasema dini ni kuugua kwa kiumbe anayeonewa, ni moyo wa dunia isiyo na moyo. Hapo hatukani. Anasema watu wanaumia, na hii ndiyo wamepata ya kutuliza. Mtu yeyote ambaye amekaa kesha la Ijumaa huko Nyalenda akaona akina mama wakilia mbele, na anajua kila mmoja analilia nini, karo, mtoto mgonjwa, bwana aliyepotelea Nairobi, ataelewa Marx alikuwa anaangalia kitu gani, hata kama hakubaliani naye kwamba hicho ndicho kitu chote kilichopo.

Shida iko kwa hatua inayofuata. Kama dini ni dawa ya maumivu, basi ukiondoa maumivu dawa itaachwa yenyewe, hakuna haja ya kufunga kanisa hata moja. Hiyo ndiyo ilikuwa hesabu. Na sasa mapinduzi yakaja Urusi, chama kikatangaza unyonyaji umekwisha, mashamba ni ya watu, viwanda ni vya watu, na bado Jumapili asubuhi watu wamepiga magoti. Chama ambacho kinasema elimu yake ni sayansi haikosei, kitasema nini hapo? Ama kikubali kilikosea hesabu, ama kiseme kuna adui amejificha pale madhabahuni. Kikachagua la pili.

Lenin, yule aliyeongoza hayo mapinduzi, alikuwa ameandika 1905 kwamba kwa upande wa serikali dini ni jambo la mtu binafsi, lakini kwa upande wa chama hapana, mwanachama hawezi kusema imani yangu hainihusu na chama. Hii tofauti iweke akilini, juu mpaka leo China raia anaruhusiwa kwa katiba kuwa na dini, lakini mwenye kadi ya chama haruhusiwi, na zote mbili ni kweli kwa wakati mmoja.

Halafu lazima niwe mkweli kuhusu kanisa lenyewe la Urusi, juu sisi waumini tunapenda kuanza hadithi 1917 kana kwamba kabla ya hapo kulikuwa na amani ya malaika. Mfalme Petro Mkuu ndiye alivunja ofisi ya patriaki, yule mkuu wa kanisa lote, na mwaka 1721 akaweka baraza lake mwenyewe, likisimamiwa na afisa wa serikali ambaye hata si kasisi. Kwa miaka karibu 200 nani alichagua askofu Urusi? Mfalme. Tangazo la mfalme lilisomwa kanisani. Kwa hivyo mfanyakazi aliyekuwa anachapwa na mfalme alimwona kasisi amesimama upande wa mjeledi, na hasira yake haikutoka kitabuni kwa Marx, ilitoka kwa macho yake. Mfalme alipoanguka, kanisa likajichagulia patriaki wake Novemba 1917, Tikhon, mara ya kwanza baada ya hiyo miaka yote. Na ni siku zile zile Wabolsheviki, chama cha Lenin, walikuwa wanakamata nchi. Yaani kanisa lilipata uhuru wake na kuupoteza ndani ya msimu mmoja.

Januari 1918 ikaja amri ya kutenganisha kanisa na serikali, na shule na kanisa. Ukisoma juu juu unasema sawa, hata sisi katiba yetu ya 2010 kifungu cha 8 inasema hakuna dini ya taifa. Lakini hiyo amri iliondolea kanisa haki ya kumiliki kitu chochote. Chukua Maseno, Mumias, Yala na Kaimosi, zile misheni zote na shule zake na hospitali na ploti na pesa benki, halafu asubuhi moja uambiwe zote ni za serikali, na jengo la ibada mtaazimwa mkikubaliwa. Hiyo si kutenganisha tena, ni kunyang'anya.

1922 kulikuwa na njaa mbaya sana eneo la mto Volga. Serikali ikasema dhahabu za makanisa zitolewe zinunue chakula. Tikhon alikuwa tayari kutoa mali ya kanisa, isipokuwa vyombo vilivyowekwa wakfu kwa meza ya Bwana, na hapo ndipo kisu kilipoingia. Barua ya siri ya Lenin ya Machi mwaka huo, ambayo ilikuja kujulikana baadaye, inasema waziwazi kwamba huu wakati wa njaa ndio nafasi ya kulivunja kanisa, juu wakulima hawana nguvu ya kulitetea. Askofu mkuu wa Petrograd, Benjamin, alipelekwa kortini akapigwa risasi Agosti. Mimi hapa sina subira na wale vijana wa propaganda ya Wamarekani. Watu waliuawa. Makasisi, watawa, masheikh wa Asia ya kati, marabi, wahubiri wa Kibaptisti. Kukawa na chama cha kupinga Mungu chenye mamilioni ya wanachama, na Desemba 1931 kanisa kubwa la Kristo Mwokozi pale Moscow likalipuliwa kwa baruti. Baadaye wakachimba bwawa la kuogelea hapo. Mwisho wa miaka ya thelathini makanisa ya Kiothodoksi yaliyokuwa bado yanafanya ibada nchi nzima yalibaki mamia machache, yalikuwa makumi ya maelfu.

Sasa hii inayofuata ndiyo mimi hupenda kusimulia pole pole. Januari 1937 Stalin alifanya sensa. Usiku mmoja, makarani nyumba kwa nyumba, na Januari 6 kwa kalenda ya zamani ya kanisa ni mkesha wa Krismasi. Kwa fomu kulikuwa na swali la dini. Hebu jiweke pale. Baridi ya Urusi, mwaka ambao watu wanachukuliwa usiku na hawarudi, karani wa serikali amekaa mezani kwako na kalamu, jina lako liko juu ya karatasi, na anakuuliza unaamini Mungu ama huamini. Miaka 20 ya kufundishwa hakuna Mungu. Jibu salama linajulikana na kila mtu ndani ya hiyo nyumba hata mtoto. Na watu milioni 55 wakasema naamini. Hiyo ilikuwa zaidi ya nusu ya watu wazima walioulizwa. Serikali ilifanya nini? Ikazika hiyo sensa, ikasema imeharibiwa na maadui, na wakubwa wa takwimu wakakamatwa, wengine wakauawa. 1939 wakahesabu tena na swali la dini halikuwepo.

Halafu miaka sita baada ya hiyo sensa, Stalin huyo huyo, Septemba 4 1943 usiku, aliwaita maaskofu wakubwa watatu waliobaki pale Kremlin. Vita vya Hitler vilikuwa vinamla. Aliwauliza mnahitaji nini. Wakaomba kuchagua patriaki, wakaomba seminari, wakaomba maaskofu wenzao waliokuwa jela. Siku nne baadaye maaskofu 19 walikuwa wamekutana na patriaki amechaguliwa, Sergius. Ikaundwa ofisi ya serikali ya mambo ya kanisa, na mkuu wake, Karpov, alikuwa afisa wa polisi wa siri. Mwaka huo huo Waislamu nao wakapewa baraza lao na mufti kule Tashkent, chini ya jicho hilo hilo. Je, Stalin aliokoka? Hapana. Aligundua hawezi kuimaliza imani, na kwamba kasisi anayeombea jeshi ni wa faida kuliko kasisi aliye kaburini, mradi yeye ndiye anajua kasisi ni nani. Tumerudi kwa mfalme Petro. Ofisi imebadilisha jina tu.

Ukishaona hivyo, nchi zingine zinaanza kueleweka, hata kama hazifanani.

Albania ilikwenda mbali kuliko zote. Mtawala wake Enver Hoxha 1967 alifunga kila msikiti, kila kanisa, kila tekke, zile nyumba za ibada za masufi, majengo zaidi ya elfu mbili, akatangaza nchi haina dini kabisa, na katiba ya 1976 ikaandika kwamba serikali haitambui dini yoyote. Hapo hakukuwa na askofu wa kuchaguliwa na yeyote. Kasisi mmoja, Shtjefën Kurti, aliuawa mwanzoni mwa miaka ya sabini kwa kosa la kubatiza mtoto. Mwingine, Ernest Simoni, alikamatwa usiku wa kuamkia Krismasi ya 1963, akafungwa na kazi ngumu miaka 18, migodini pia, na hata alipoachiliwa akawekwa kwa mitaro ya maji taka ya mji wa Shkodër, na huko jela alikuwa anasema misa kwa Kilatini kwa kichwa tu, bila kitabu. Papa Francis alimsikia akisimulia 2014 akalia, na 2016 akamfanya kardinali, mzee wa miaka themanini na kitu ambaye hakuwa hata askofu.

Poland nako chama hakikuweza. Kanisa lilikuwa limeshikana na watu wakati nchi yao ilikuwa imegawanywa na majirani ikafutwa kwa ramani, kwa hivyo kulipiga kanisa ilikuwa ni kama kupiga Poland. Walijenga mji mpya wa wafanyakazi wa chuma, Nowa Huta, wakapanga barabara, shule, sinema, kila kitu isipokuwa kanisa. Wakazi wakasimamisha msalaba uwanjani. Aprili 1960 wafanyakazi wa serikali walipokuja kuung'oa, akina mama ndio walitangulia kuwafukuza, ikawa vita vya mitaani na polisi. Askofu mmoja kijana akawa anawafanyia misa ya Krismasi hapo nje kwa theluji mwaka baada ya mwaka, mpaka kanisa likajengwa na kufunguliwa 1977. Jina lake Karol Wojtyła. Oktoba 1978 akawa Papa. Akina mama wa Kibuye wanaouza omena wangewaelewa wale wa Nowa Huta bila mkalimani.

Kuba ni hadithi ya polepole zaidi. Fidel Castro, aliyeongoza mapinduzi ya huko, alisomeshwa na Wajesuiti, wale mapadri wa Kikatoliki wenye shule, akawa komunisti, siku ya Krismasi ikaacha kuwa sikukuu 1969 ati watu wavune miwa, ikarudi 1997 Papa akiwa karibu kuja. 1991 chama kikaruhusu muumini kuwa mwanachama, na mwaka uliofuata katiba ikaacha kuiita nchi ya ukanaji Mungu.

Sasa Afrika, na hapa ndio nataka tukae, juu watu wanaongea habari za Urusi kama si za kwetu wakati Ethiopia tumepakana nayo. Derg, ile serikali ya wanajeshi, ilimwondoa mfalme Haile Selassie 1974, ikatangaza usoshalisti wa Marx na Lenin, ikachukua ardhi ya kanisa. Patriaki Tewoflos walimtoa 1976 wakaweka mwingine, kisha 1979 wakamuua. Mwaka huo huo walimuua Gudina Tumsa, katibu mkuu wa kanisa la Kilutheri la Mekane Yesus. Huyu mtu alikuwa anatetea maskini na maendeleo ya vijijini kabla Derg hawajajulikana, huwezi kumwita rafiki wa mabwanyenye. Alikuwa amepewa nafasi ya kutoroka nchi akakataa, hawezi kuacha watu wake. Julai 28 1979 alitoka ibadani Addis Ababa akachukuliwa, na mwili wake ulipatikana 1992 baada ya Derg kuanguka. Kosa lake ni nini? Hakukubali kanisa liwe tarumbeta la serikali.

Msumbiji ni tofauti tena, na inanifundisha kuliko zote. Chini ya Wareno kulikuwa na mkataba wa 1940 kati ya Ureno na Vatikani, serikali inalipa misheni, na maaskofu lazima wawe Wareno. Ndio hivyo, nani anamchagua askofu! Frelimo, chama kilichopigania uhuru, ilipochukua nchi 1975 iliona Kanisa Katoliki ni mkono wa mkoloni, ikataifisha shule na hospitali za misheni mwezi mmoja tu baada ya uhuru, na ikapeleka Mashahidi wa Yehova wengi makambini. Kisha vita na waasi wa Renamo, nchi ikaungua. Desemba 1982 rais Samora Machel mwenyewe akakaa na viongozi wa dini zote, mambo yakaanza kulegea. Na 1992 amani ilipopatikana, ilipatikana wapi? Roma, nyumbani kwa jumuiya ya Kikatoliki ya Sant'Egidio, na mmoja wa wapatanishi alikuwa Jaime Gonçalves, askofu mkuu wa Beira, Mwafrika. Wale waliofukuza misheni walitia sahihi mkataba nyumbani kwa Wakatoliki.

Somalia ya Siad Barre ilisema usoshalisti na Uislamu havigombani, halafu Januari 1975 masheikh 10 wakapigwa risasi hadharani juu ya kupinga sheria ya kumpa mwanamke urithi sawa na mwanaume. Mimi sheria yenyewe naikubali. Risasi siikubali.

Na Tanzania, ambayo haikuwa ya kikomunisti lakini kila mtu huitaja, Nyerere alikuwa Mkatoliki wa kwenda misa kila siku, na alisema wazi ujamaa ni wa mambo ya hapa duniani, haumuulizi mtu anamwabudu nani. Hiyo ni tofauti kubwa na Moscow na lazima isemwe. Lakini hata huko, Desemba 1968 jumuiya ya Waislamu ya Afrika Mashariki ilipigwa marufuku na BAKWATA, baraza la Waislamu la Tanzania, ikaundwa kwa baraka za serikali, na manung'uniko ya Waislamu wengi juu ya nani aliwachagulia viongozi hayajaisha mpaka leo. Kwa hivyo swali langu linauma hata pale ambapo rais anasali.

Linauma hata hapa kwetu. Hospitali kubwa ya Kisumu, ile yenye jina la Jaramogi Oginga Odinga, makamu wa rais wa kwanza wa Kenya, wazee bado wanaiita Russia, ukimwambia makanga nishukishe Russia hakuulizi wapi. Ilijengwa kwa msaada wa Wasovieti. Dani yangu, yaani nyanya, akitoka huko alikuwa anaweka vidonge kwa kiganja na kuviombea kabla ya kumeza, juu alikuwa ameambiwa na wahubiri wa zamani kwamba Warusi hawana Mungu, na yeye hakutaka kumeza kitu ambacho hakijabarikiwa. Alipona vizuri tu, na hakuacha kuviombea. Jaramogi mwenyewe alikuwa anaitwa komunisti kila siku, alienda Beijing na Moscow 1960, lakini ukiangalia maisha yake alisoma Maseno, akafundisha Maseno, na ugomvi wake na kanisa ulikuwa juu ya jina: alikataa kuitwa Obadiah Adonijah, majina ya ubatizo, akasema jina la Kiafrika linatosha mbele za Mungu. Huo si ukomunisti. Kenya rasmi ilishakataa ukomunisti 1965 kwa ile karatasi ya serikali namba 10 ya usoshalisti wa Kiafrika.

Lakini ni Kenya hiyo hiyo, isiyo ya kikomunisti, iliyopiga marufuku Dini ya Msambwa, ile dini ya Elijah Masinde wa huko Bungoma, 1968. Mkoloni alikuwa amempeleka Masinde mpaka Mathari, hospitali ya wagonjwa wa akili, ati ni mwendawazimu, akaipiga dini yake marufuku 1948, na kisha akamweka kizuizini Lamu, halafu uhuru ukaja, mzee akarudi Kimilili, na serikali ya Waafrika ikafanya yale yale. Watu wa Bungoma hawahitaji kusimuliwa na Mrusi maana ya dini kunyimwa cheti. Tofauti ambayo naiona, na ni kubwa, ni kwamba mkoloni na Kenyatta walikuwa wanabana dini moja waliyoiogopa, wakati chama cha kikomunisti kilikuwa na mpango wa kumaliza imani yote, kwa kila mtu, na kimeuandika kwa vitabu. Zote mbili ni dhuluma lakini usizipime kwa kilo moja.

Na kuna jambo linanisumbua moyo kama muumini. Matendo ya Mitume 4:32 inasema wale waumini wa kwanza "walikuwa na vitu vyote shirika". Watu waliuza mashamba wakaleta pesa miguuni pa mitume. Ukisoma hiyo kwa sauti bila kusema imetoka wapi, nusu ya kanisa watasema ni manifesto ya Marx. Tofauti ni kwamba pale Yerusalemu hakuna askari aliyesimama mlangoni. Petro anamwambia Anania shamba lilikuwa lako, na hata baada ya kuliuza pesa zilikuwa zako, yaani hukulazimishwa.

Sasa turudi kwa Biblia ya mama. China ilipitia yote haya kwa kipindi kimoja: kwanza usajili, miaka ya hamsini, Waprotestanti chini ya chama chao cha kujitegemea cha 1954 na Wakatoliki chini ya chama cha kizalendo cha 1957, ambacho kilianza kuweka maaskofu bila Papa. Halafu mapinduzi ya utamaduni kutoka 1966, hata hayo yaliyosajiliwa yakafungwa, mahekalu yakavunjwa. Kisha katiba ya 1982, kifungu cha 36, uhuru wa imani, lakini serikali inalinda shughuli za dini zilizo "za kawaida", na ni serikali inayosema kawaida ni ipi. Dini tano ndizo zinatambuliwa: Ubuda, Utao, Uislamu, Ukatoliki na Uprotestanti, tena Ukatoliki na Uprotestanti wanahesabu kama dini mbili. Ukiwa ndani ya rejista utapata jengo, kwaya na Biblia ya Nanjing. Ukiwa nje, kwa kanisa la nyumbani, unaweza kukaa miaka hakuna anayekugusa na siku moja wakaja. Na Waislamu wa Xinjiang walibanwa zaidi ya yeyote, mpaka ndevu na saumu na jina la mtoto vikawa mambo ya polisi.

2018 Vatikani na Beijing walitia sahihi mapatano, na mapatano yenyewe yanahusu nini? Kuchagua maaskofu. Yamesharefushwa mara kadhaa na maandishi yake hayajawahi kutolewa hadharani. Kuna Wakatoliki wa China waliokaa jela miaka juu ya kumtii Papa ambao waliona wameuzwa, na kuna wengine wanaosema bora askofu mwenye sahihi mbili kuliko jimbo lisilo na askofu. Mimi siwezi kumhukumu yeyote kati yao nikiwa nimekaa Kisumu.

Kwa hivyo mama yangu wa kwaya, hao watu wanatuchapia Neno kwa sababu kitabu hakiwasumbui. Kiwanda ni kazi, ni pesa, na wanajua nakala ngapi zimetoka na zimeenda wapi. Wanaloshika kwa nguvu ni uteuzi. 2007 serikali hiyo, ya chama ambacho mwanachama wake haruhusiwi kuamini kitu kinaitwa roho, ilitoa amri kwamba lama yeyote wa Tibet akifa, kuzaliwa kwake upya lazima kuidhinishwe na serikali. Walikuwa wameshaonyesha wanamaanisha nini. Mei 1995 Dalai Lama, kiongozi mkuu wa Wabuda wa Tibet, akiwa uhamishoni India, alimtaja mtoto mmoja, Gedhun Choekyi Nyima, kuwa ndiye Panchen Lama mpya, kiongozi wa pili kwa ukubwa huko Tibet. Siku chache baadaye mtoto na wazazi wake wakachukuliwa, na Beijing ikaweka mtoto mwingine kwa kiti hicho. Yule wa kwanza alikuwa na miaka sita. Hajaonekana hadharani tangu siku hiyo.